Ziara Inayoishia Kijitini

Navesi, Taveuni
9 Machi 2014

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo, na marahaba yako nimeshaipokea huku huku, maana najua hukawii. Mgongo je? Na huyo bibi unayemuuguza, bado anakuita kila saa kuuliza kama mumewe marehemu kafika? Sisi wazima. Somo yako ameota meno na ameanza kuyatumia kwangu. Ukiona mwandiko umekaa kama nyayo za kuku, ujue nimemlaza pajani naandika juu ya mgongo wake.

Tangu tumzike mjomba, bahari yetu imefungwa. Wazee wamesimamisha kijiti chenye makuti kwenye mwamba, pale yanapoanzia yale maji ya buluu, na kuanzia hapo hadi rasini hakuna wavu, hakuna mshipi, hakuna boti, hakuna mtoto wa kujirusha majini, mpaka zitimie siku mia za msiba. Kijiji kimetulia hadi kuku wanatembea kwa adabu.

Sasa shida iko hotelini. Ile ziara yetu fupi ya pwani unaijua: maporomoko yanayoangukia baharini, pango la popo, halafu bustani ya matumbawe kwenye maji ya buluu. Wageni wanaijia hiyo bustani, nayo iko nyuma ya kijiti. Siku hizi tunawazungusha kwa nje ya mwamba, kwenye mawimbi yasiyo na heshima. Juzi bwana mmoja alitapika mpaka kofia ikaenda na maji.

Meneja, Bwana Maikeli, akaniita ofisini.

"Torika, wewe si vasu wa Navesi?"

"Ndiyo."

"Mtoto wa dada hakatazwi kitu kwa wajomba zake. Akitaka nguruwe, anamfungua anaondoka naye. Akitaka mkeka, anakunja. Uongo?"

"Kweli."

"Basi wewe kaa mbele ya boti na shada lako la maua, nahodha wako Sikeli apite kijitini. Wazee wakikuona ni wewe, watafanya nini? Watacheka tu."

Mama, huyu ni mtu wa Suva anayekanyaga mikeka na viatu, lakini hilo alilijua. Kilichoniuma ni kwamba hakukosea. Hakuna mzee hapa ambaye angeniinulia sauti. Ndiyo maana sifanyi. Nikamwambia, "Mjomba angenipa boti yake, angenipa na shati la mgongoni. Hajanipa msiba wake niukodishe."

Ameniambia niende nikafikirie. Nimeshafikiri. Sikuombi ruhusa, Mama, nakuarifu tu kabla hujaambiwa na watu.

Mimi mwanao,
Torika


Sydney
23 Machi 2014

Mwanangu Torika,

Marahaba. Mgongo upo, unauma, unafanya kazi. Bibi Margaret bado anamsubiri mumewe, nami namjibu yuko njiani. Somo yangu mpake mafuta ya nazi ufizini, na usimpe kidole chako atafune, utazoea kutafunwa.

Barua yako nimeisoma nimekaa, nikairudia nimesimama. Nani alikutafutia kazi hiyo? Ni mimi, niliyembembeleza dada yake Maikeli kanisani hapa, Jumapili baada ya Jumapili, nikimsaidia hadi kuosha masufuria ya sherehe. Mtoto unaye kiunoni, baba yake alishapotelea melini. Utamlisha nini? Kiburi hakichemki kikawa uji.

Vasu ni haki yako. Umeipata kwangu, mimi ndiye dada yao, na mimi nakuruhusu. Kaka yangu angecheka. Ulipomnyakua kuku wake aliyekuwa anaatamia, ukiwa hujafika hata kiunoni kwake, si alicheka mpaka akakaa chini? Panda boti. Kaa mbele. Tabasamu.

Na usiniandikie habari za heshima kwa marehemu. Mimi sikumzika kaka yangu. Waajiri walininyima ruhusa, nikabaki nambadilishia shuka mama wa watu huku wenzangu wanamteremsha kaburini. Asiyezika hana mdomo, najua, na huko kijijini sioni uso wa kupeleka. Lakini kwako wewe mdomo ninao.

Mama yako


Navesi
6 Aprili 2014

Mama mpenzi,

Shikamoo. Sisi wazima, somo yako mzima, kazi sina. Nimelitanguliza usije ukalitafuta huko chini.

Bwana Maikeli hakungoja jibu langu. Alimwendea Sikeli kimyakimya, akamwambia apite kijitini, la sivyo boti ataishika mtu mwingine. Mimi sikujua. Tulitoka na wageni asubuhi vizuri tu, nikawaonyesha maporomoko, nikawaimbia, tukapita pango la popo. Ghafla naona boti inaelekeza pua ndani, moja kwa moja kwenye kijiti.

Na unajua mimi na Sikeli, mtoto wa baba mkubwa, ni mtu na kaka yake: tangu nivunje ungo hatujasemezana hata neno. Tunafanya kazi boti moja, yeye anaangalia injini, mimi naangalia mawingu. Ningevunjaje mila moja ili niokoe nyingine? Karibu yangu alikaa mwalimu mstaafu wa kutoka New Zealand, Bi Joyce, mwenye kofia kubwa kama sinia.

Nikamwambia, "Bibi, tafadhali mwambie nahodha ageuze."

Akanitazama, akamtazama Sikeli. "Si huyo hapo?"

"Mwambie tu, bibi yangu."

"Nahodha! Anasema ugeuze!"

Sikeli akaisemea injini yake. "Bibi, mwambie nimeagizwa na bosi."

"Anasema kaagizwa na bosi!"

"Nimesikia. Mwambie kwani bosi ndiye tuliyemzika?"

"Kwani bosi ndiye waliyemzika?" Bi Joyce naye alishapandwa na mori, Mama, hata hakujua kwa nini.

"Mwambie nina watoto wanne."

"Ana watoto wanne!"

"Mwambie wote wanne wamekuzwa na samaki wa mjomba wangu."

"Jamani, shingo yangu!" akalia Bi Joyce. "Samaki wa mjomba wake, nahodha! Wote wanne!"

Boti ikaendelea. Makuti ya kijiti nikawa nayaona jani moja moja. Basi nikaona maneno yametosha. Nikakaza shuka yangu ya sulu kiunoni, nikaruka. Maji pale ni ya kifua, mwamba uko chini. Nikasimama kati ya boti na kijiti, mikono nimeipanua, shada la maua linaelea shingoni kama mzoga wa kasa. Nikapiga kelele, "Bibi Joyce! Mwambie anipite juu!"

Injini ikazima. Maji nikayasikia yanalamba ubao.

Bi Joyce akageuka nyuma, akasema, "Nahodha, hilo nadhani umelisikia mwenyewe."

Sikeli akageuza. Nilipopanda sikumtazama, na yeye hakunitazama, ila nilikuta taulo lake limewekwa pale ninapokaa. Tulirudi kwa nje ya mwamba na wote wakatapika, Bi Joyce akitapika na kucheka kwa zamu.

Bwana Maikeli alikuwa anasubiri gatini. "Rudisha sare." Nikamvulia shati pale pale, ndani nina fulana. Akanyoosha mkono apewe na shada. Nikamwambia, "Maua ni ya kwetu." Sikeli hakufukuzwa, wageni walimtetea.

Mama, umesema vasu nimeipata kwako. Ndiyo maana siiuzi. Nikiiuza hiyo nimekuuza wewe.

Mwanao akupendaye,
Torika


Sydney
20 Aprili 2014

Torika,

Marahaba. Somo yangu mbusu.

Umechagua. Mimi nimechoka kulea kwa barua. Usiniandikie tena mpaka uwe na kazi.

Mama


Navesi
24 Mei 2014

Mama mpenzi,

Shikamoo. Ulisema nisikuandikie mpaka niwe na kazi. Ninayo.

Lakini kwanza hali. Kimya chako kimekaa hapa nyumbani kama mgeni asiyeaga. Nilikuwa nakwenda posta narudi mikono mitupu, somo yako mgongoni ananivuta nywele. Ameanza kusimama. Anashika kizingiti, anatukana kwa lugha yake, anaanguka, anasimama tena. Sijui katoa wapi.

Kazi ni hii. Nilikwenda kwa mkaza mjomba Unaisi nikamwambia, "Mkaza mjomba, nataka boti ya marehemu." Hakuuliza ya nini. Alisema, "Nilikuwa nakushangaa umechelewa," akanipa na mtungi wa mafuta. Hiyo ndiyo vasu ninayoijua. Bi Joyce alishawaambia watu wa nyumba ya wageni kule ng'ambo ya mto, nao wananiletea wageni wao. Naendesha mwenyewe, kama mjomba alivyonifundisha. Mkaza mjomba anabaki na mtoto.

Ziara yangu ni fupi kuliko ya hoteli. Inaishia kijitini. Nikifika pale nazima injini na kuwaambia, "Hapa hatupiti. Mjomba wangu amefariki." Basi, sina hadithi nyingine. Watu wazima wanavua kofia bila kuambiwa. Mmoja tu aliniuliza kama angeweza kulipa zaidi apite. Nikamwambia aogelee arudi alikotoka, na alipoona sicheki, akakaa.

Sasa kaa chini, Mama, kama umesimama.

Siku mia zimetimia wiki hii. Nyavu zilishatolewa, watoto walishakaa ufukweni na vikapu, kila mtu mate yanamtoka. Usiku wa kuamkia siku yenyewe nilikwenda nyumba ya mkutano na mzizi wa kava, wazee wautwange wanywe, nikakaa chini karibu na mlango. Mjomba Apenisa, msemaji wa wazee, akaniona.

"Jambazi wetu kaja! Haya, sema. Omba nguruwe, ila mke wangu usimguse."

"Mkeo simtaki, mjomba, hajui kupika."

Wakacheka wote. Nikangoja waishe.

"Naomba bahari," nikasema.

"Bahari ipi?"

"Hii yetu. Naomba ibaki imefungwa mpaka dada yenu aje ashike wavu wa kwanza."

Hapo hakucheka mtu. Mzee mmoja akasema siku zikiisha zimeisha. Mwingine akasema dada hakuja kuzika, atakuja kuvua? Apenisa akauliza, "Na sisi tule nini?"

"Samaki wa kopo."

"Mpaka lini?"

"Mpaka aje. Mmesema wenyewe vasu hanyimwi. Au vasu ni ya nguruwe na kucheka tu, ikiombwa kweli mnaogopa?"

Nilijua nimevuka mpaka. Apenisa akanitazama sana. Kisha akawageukia wenzake, akasema, "Ni mtoto wa dada yetu huyu. Kichwa kile kile, jiwe lile lile." Akaupokea mzizi wangu, akapiga makofi mazito ya kukubali ombi, na kwa kupokea hivyo ikawa imekwisha.

Kwa hiyo, Mama, kijiji kizima kinakula samaki wa kopo kwa ajili yako. Asubuhi Apenisa akipita dirishani kwangu anapiga kelele, "Mama yako yuko wapi, tumbo langu limeanza kunuka bati!" Hakuna aliyesema usije. Wanasema njoo upesi. Asiyezika hana mdomo, sawa. Njoo uuchukue, uko hapa. Ulete jino la nyangumi, ndiyo rambirambi yetu, ukalie na mkaza mjomba mpaka mchoke, halafu tukavue.

Wavu ni ule mdogo wa mkono, wa mjomba. Umeshonwa upya. Tangu ushonwe hakuna aliyeutia majini.

Sikuombi, Mama. Nakuarifu.

Mwanao,
Torika


Sydney
7 Juni 2014

Wewe mtoto,

Marahaba, ingawa hustahili. Mgongo unauma.

Kumbe ulitoka majini kwa Sikeli ukaja kusimama mbele yangu, mikono umeipanua. Nimekasirika siku nzima. Nimepika hasira, nimefua hasira, jioni nikajikuta nacheka jikoni peke yangu kwa habari ya mke wa Apenisa. Ni kweli hajui kupika.

Nikaenda kwa watoto wa Bibi Margaret, nikawaambia naondoka. Wakasema ningoje mwezi ujao wapate mtu. Nikawaambia, "Mara ya kwanza niliwaomba ruhusa, mkaninyima, nikanyamaza. Mara hii siombi. Nawaarifu." Hayo maneno sijui nimeyaokota wapi.

Bibi nilimuaga mwenyewe. Akanishika mkono, akauliza, "Unakwenda kumpokea mume wangu?" Nikamwambia ndiyo bibi, nakwenda kuangalia boti. Nimelia kwenye lifti.

Nafika Jumamosi ya wiki ijayo. Mwambie Apenisa avumilie makopo. Mkaza mjomba asipike, nitapika mimi. Somo yangu asisimame kabisa kabla sijamwona.

Na kabla ya wavu, wewe unipeleke kwenye hiyo ziara yako, toka mwanzo, kama mgeni. Usinipitishe nje ya mwamba, natapika. Nitakaa mbele. Tukifika, zima injini, useme yale unayowaambia wengine, usipunguze neno. Halafu unyamaze, nishuke majini mwenyewe nikaking'oe hicho kijiti.

Mama yako,
dada yao