Mishale ya Mabua

Kasulu,
Kiangazi, 1975

Kwa mke wangu mkubwa, Bibi Mwanahawa, Korogwe.

Shikamoo bibi. Najua Zuhura ndiye anayekusomea, kwa hiyo na wewe Zuhura hujambo, binamu yangu. Soma polepole, usiruke mahali, wala usiongeze ya kwako.

Nipe kwanza habari za goti. Ile dawa ya kuchua imesaidia, au umeigawa kwa majirani kama kawaida yako? Na Mjomba Shabani, kifua chake kimetulia? Mimi ni mzima, tena nimenenepa kidogo kwa maharage ya huku, na baridi ya asubuhi imenifundisha kulala na soksi. Uliniambia nikija Kigoma nitaliwa na mamba wa ziwani. Mke wangu, ziwa liko mbali na ninapokaa. Huku ni milima, migomba na ukungu, na mtu akitaka kufa maji itambidi asafiri.

Katika barua yako uliuliza: "Hiyo kazi ya kutafuta maji kwa umeme, umeme wenyewe uko wapi huko porini?" Umeuliza vizuri, maana hata wakubwa wengine huona haya kuuliza. Umeme nautembeza mwenyewe, umo ndani ya sanduku la betri. Nachomeka ardhini vyuma viwili virefu, kimoja huku na kingine kule mbali, kama kutoka mlangoni kwako hadi msikitini. Nikiunganisha nyaya, umeme unaingia ardhini kwa chuma kimoja na kutokea kwenye kingine. Hapo katikati udongo wote unakuwa na msukumo usioonekana, ambao kitaalamu unaitwa uga wa umeme. Mahali popote utakaposimama katika uga huo, msukumo una mambo mawili: unaelekea wapi, na una nguvu kiasi gani. Hayo mawili ndiyo kazi yangu.

Nayajuaje? Nina vijiti viwili vya shaba na kipimo chenye sindano. Kijiti kimoja nakichomeka, cha pili nakihamisha kukizunguka, kidogo kidogo, jicho likiwa kwenye sindano. Kuna upande ambao sindano inalala kabisa kwenye sifuri. Hapo najua msukumo unakatiza vijiti vyangu, haufuati mstari wa kutoka kijiti hadi kijiti. Nageuka robo ya duara, sindano inaruka: huo ndio mwelekeo wenyewe. Naangalia imeruka kiasi gani, nagawanya kwa umbali kati ya vijiti, nimepata nguvu. Wewe hulowesha kidole kujua upepo unatoka wapi kabla ya kupepeta mchele. Na mimi ni hivyohivyo, ila kidole changu ni cha shaba.

Sasa maji. Umeme ni mvivu kama Mjomba Shabani (Zuhura, hapo soma kwa sauti ya chini), unapenda njia rahisi. Mwamba mkavu unaukatalia, mwamba uliopasuka ukajaa maji unaukaribisha. Kwa hiyo penye maji msukumo unapinda kuyaelekea, na ukishaingia ndani yake unalegea. Nikitaka habari za chini zaidi, navisogeza vile vyuma virefu vikae mbali zaidi, na umeme unazama. Umeshakuwa fundi, bibi, bado mshahara tu.

Tulianzia Kibondo, upande wa Gwarama, na kule kazi ilikwenda vizuri. Halafu injinia wetu akaitwa kwingine, akaniachia kijiji kipya kimoja cha upande wa Makere. Akaniambia, "Rajabu, mashine ya kuchimba itapita hapo mara moja tu, itoboe tundu moja, iende zake kabla ya mvua. Utakapopigilia kigingi ndipo itakapochimba." Nilifurahi mno. Ni mara ya kwanza kuachiwa kijiji peke yangu, na wewe unajua sijawahi kuwa mtu wa kujidharau.

Watu wa kijiji hicho walitolewa vilimani wakati wa Operesheni Vijiji, kila mmoja akaacha migomba yake, wakapangwa kwa mistari kando ya barabara. Maji wanayafuata mtoni, mbali, na kiangazi hiki mto wenyewe umebaki matope. Mwenyekiti wao, Mzee Filbert, ni mtu wa maneno mengi na moyo mwema. Alinisalimia kwa makofi, akanishika mikono yote miwili, akauliza habari za wazazi, za safari, za ng'ombe ambao sina. Salamu za Waha hazina haraka; mpaka uzimalize umesahau kilichokuleta.

Mimi na vijana wa kunishikia nyaya tulipangiwa kula kwa mjane mmoja, Bibi Skolastika, wa umri wako hivi. Ananiita "mwananje", yaani mwanangu. Kila mchana alituletea shambani ugali wa muhogo na maharage yaliyoungwa kwa mawese, kisha anakaa kutazama kazi. Nyumbani kwake kwa zamani ni juu kidogo ya kijiji, kwenye migomba iliyoachwa, na mumewe amezikwa hapohapo. Kuishi huko ni marufuku, hata kulima, maana amri ni kila mtu akae kijijini. Lakini Mzee Filbert alikuwa ametangaza mkutanoni kwamba nyumba zote mpya zitajengwa kukizunguka kisima, popote kitakapoangukia. Unaona mambo hayo? Kisima kikiangukia kwake, yule mama amerudi nyumbani. Na mtu wa kwanza kuniambia, "Anzia kule juu, mwananje," alikuwa yeye.

Basi nikaanzia kule juu. Kwa kuwa watu walijaa kutazama na hawaoni kitu, nikabuni jambo. Kila nilipopima nililaza bua la hindi kama mshale, kufuata mwelekeo wa msukumo, bua refu penye nguvu, fupi palipolegea. Siku ya kwanza mbuzi walikula mishale yangu yote nilipokuwa nakula, na kijiji kizima kilinicheka mpaka nikacheka na mimi. Siku ya pili tukaweka mlinzi wa mbuzi, na kufikia alasiri mlima ulikuwa umejaa mishale. Bibi, ilikuwa inapendeza! Ilikwenda sambamba vizuri, kisha ikaanza kupinda, ya kushoto na ya kulia, yote ikiinamia kwenye ile migomba, na hapo katikati mabua yakawa mafupi kama vidole. Chini bondeni, nyuma ya mashamba ya muhogo, kulikuwa na kupinda kwingine, lakini kudogo.

Mzee Filbert hakuningoja nifungue mdomo. Alipanda juu ya kichuguu akapaza sauti: "Mmeona wenyewe! Maji yako kwa Skolastika! Pombe ipikwe!" Akina mama wakapiga vigelegele. Bibi Skolastika hakupiga. Alikaa chini kando ya yale mabua mafupi, akalaza kiganja ardhini.

Mimi nilisema kazi haijaisha, ila nani angenisikia. Kesho yake nikavisogeza vyuma virefu mbali, halafu mbali tena, ili umeme uende chini, nikapima upya palepale na kulaza mabua mapya kando ya yale ya kwanza. Mishale ya kule juu ikanyooka. Kila nilivyozidi kwenda chini ilizidi kunyooka, mpaka ukadhani hapajawahi kuwa na kitu. Ile ya bondeni ikazidi kupinda. Maana yake haikuhitaji injinia: kule juu kuna kitu kinachouita umeme, lakini kiko juu juu tu, chini ya nyasi. Nikachukua jembe, nikachimba penye mabua mafupi. Chini kidogo nikagonga udongo wa mfinyanzi uliokandwa kwa mikono, umekauka, una ukingo wa mviringo. Nikalamba vumbi lake. Lilikuwa na chumvi.

Bibi Skolastika alikuwa amesimama nyuma yangu na sahani zake.

"Bibi, hapa palikuwa na nini?"

"Palikuwa kwangu."

"Najua. Lakini hapa hasa?"

"Hori. Ng'ombe walikunywea hapo. Mume wangu alikuwa anaikoroga chumvi ya Uvinza ndani ya maji, mwenyewe, kwa mkono wake. Na baba yake vilevile. Ego, ndiyo, hata kabla yake."

"Mbona hukuniambia? Chumvi inauita umeme kuliko hata maji."

"Wewe ulikuwa unauliza udongo, mwananje. Mimi hukuniuliza."

Hakuwa amedanganya. Alinyamaza tu, akaacha mabua yangu yaseme alichokitaka. Akaweka sahani chini, akaniuliza taratibu, "Chuma chako hakiwezi kukosea mara moja tu?"

Nikamwambia kinaweza, lakini mashine haitarudi, na tundu likitoka kavu hawa wote watakunywa matope mpaka Mungu ajue. Akasema, "Na mimi sitarudi." Akanipakulia chakula, bibi, akanipa na kipande cha nyama alichokuwa amemwekea mwenyekiti.

Jioni tukaitisha mkutano. Mzee Filbert aliwaka kwa hasira. "Kijana, bondeni ni mbali, na pombe imeshapikwa!" Nikamjibu, "Basi mzee, mtainywea bondeni." Watu wakacheka, nikapata nafasi. Nikawapeleka wote wakaone kwa macho mishale ya juu juu na mishale ya chini, nikawaonyesha na lile hori, kisha nikawaambia kama bondeni hakuna maji waniandikie barua ya kunifukuza kazi, nitaitia sahihi mimi mwenyewe. Nilikuwa na hakika. Usiniulize niliipata wapi. Nilipima mara nyingi, na kila mara sindano ilisema lilelile. Nikapigilia kigingi bondeni mbele yao.

Mashine ikaja. Kutwa nzima ilitoa unga wa mwamba, mkavu, mweupe, na Mzee Filbert akaacha kunisalimia. Sikutetereka. Siku ya pili, jua likiwa kichwani, unga ukageuka uji, uji ukageuka maji, yakaruka yakamlowesha fundi wa mashine mpaka kofia. Bibi, nililia. Sioni haya kukwambia. Wanawake walisukumana na vibuyu na ndoo, wengine wakayapaka watoto usoni, na Mzee Filbert akanibeba mgongoni kama gunia, mimi na umri wangu huu.

Bibi Skolastika alisubiri zamu yake. Alikinga kiganja, akanywa, akasema, "Ni matamu." Akajaza mtungi, akajitwisha. Kisha hakushika njia ya kijijini. Alipanda mlima kuelekea kwenye migomba yake, kule alikokatazwa, mbele ya watu wote, polepole, maji yakimdondokea mabegani. Vigelegele vikapungua. Nikamtazama Mzee Filbert. Alikuwa amemwona vizuri sana. Akageuka, akamshika fundi bega, akaanza kumuuliza mashine hii inakunywa dizeli kiasi gani.

Toka siku hiyo anapanda kila asubuhi na mtungi mmoja, na hakuna aliyemuuliza.

Karatasi inaisha. Msalimie Mjomba Shabani, umwambie nilimtaja kwa wema. Msalimie mama mdogo wa maandazi pale stesheni, shangazi mwenye cherehani, na yule shemeji yangu mtarajiwa anayejifanya hanijui. Mwambie imamu wetu nasali, na baridi si kisingizio. Mbuzi mweupe akizaa, dume ni langu.

Na hili, Zuhura, usisome ukiwa umesimama. Kaa karibu naye. Bibi, mwezi huu nilikuwa na hakika na kila nilichokifanya, na ningepigilia kigingi palepale hata leo. Lakini wewe nawe ni mjane, na babu yupo hapo nyuma ya nyumba, unamfagilia kaburi kila Ijumaa. Kama ningekuja kwako na sanduku langu na vijiti vyangu, nikakwambia hapa hapana maji, inuka: je, ungenipakulia chakula?

Ni mimi mumeo ninayekuogopa kuliko injinia,

Rajabu