Kaseti ya Papa Amisi

Salamabila, Jumanne

Kicheko, kicheko! Bosi wangu wa Kinshasa anataka filamu yetu ya kumbukumbu za zamani ichekeshe watu. Aje aitengeneze mwenyewe.

Leo niliweka kaseti ya filamu ya vita ili Papa Amisi aitafsiri kwa mizaha, kama alivyowatafsiria watazamaji filamu za kigeni enzi za ukumbi wake wa video. Risasi zilipoanza kulia, akakatiza mizaha. Hakuna aliyeniambia kwamba mwanawe aliuawa kwa risasi kwenye machimbo ya dhahabu ya hapa.

"Rudisha nyuma," akasema.

Nikarudisha. Waliokufa wakaamka mmoja mmoja.

"Mutoto wangu alikuwa anapenda sana hapa, penye wanaamuka. Rudisha tena."

Nikaiacha icheze, wakaanguka. Nikarudisha, wakaamka. Mara ya mwisho jenereta iliishiwa mafuta, picha ikazimika wakiwa bado chini.