Kisu cha Jikoni Mkobani

Nyumba ya mwisho,
Nyuma ya karakana ya seremala,
Jumapili, tarehe 9.

Mpendwa mdogo wangu,

Pokea salamu tele za dada yako. Hujambo? Mgongo umepoa? Shemeji na watoto wanaendeleaje? Sisi tunapumua. Miguu inavimba nikisimama sana kupiga pasi, lakini kazi ya udobi bado naiweza. Usiucheke mwandiko wangu, shule niliiacha darasa la ngapi unajua mwenyewe.

Juzi kwenye simu nilikuacha njiani, vocha iliisha, machozi hayakuisha. Sasa nakueleza vizuri. Binti yetu mkubwa, mpishi wetu, alikamatwa Jumanne asubuhi pale stendi akienda kazini. Polisi walikuwa wanapekua mikoba, wakakuta kisu. Ni kile chake cha hotelini. Kila mpishi pale ana kisu chake na hurudi nacho nyumbani, maana ukikiacha kesho hukikuti.

Askari mmoja akamtania, "Vitunguu vya kukata hapa stendi viko wapi, dada?" Watu wakacheka. Akamuuliza sasa cha nini. Mtoto akajibu, "Cha kujilinda." Wakaandika vilevile.

Seremala amemdhamini, yuko nyumbani. Kesi ni Alhamisi.

Wakili tuliyepewa bure ni msichana mdogo tu, lakini kichwa kinachemka. Anasema sheria haiangalii kisu peke yake, inaangalia unakibebea nini. Kifaa cha kazi, kimefungwa vizuri, nawe uko njiani kwenda kazini, hapo una sababu ya kujieleza. Lakini ukikibeba ili umchome atakayekusogelea, hata kama hujamgusa mtu, hiyo ni silaha mbele za watu. Kifungo hadi miaka mitatu, au faini, au vyote viwili. Na hata wakimhurumia wakampa kifungo cha nje, doa linabaki, hoteli haitamtaka tena. Nilitoka nikakaa kwenye ngazi za ofisi.

Wewe ulishauri akane, aseme mkoba aliazimwa na rafiki. Hapana, mdogo wangu. Huyo rafiki naye ana mama yake.

Tena kuna jambo sikukwambia. Kisu kile alikuwa anakifunga kwa taulo, anakiweka chini kabisa, chini ya aproni. Mimi ndiye niliyekitoa huko. Vibaka walipompora mwalimu jirani yetu, nilimwambia mwanangu, "Weka juu, toa hilo taulo, mkono ukifikie upesi. Na mtu akikuuliza, mwambie ni cha kujilinda, wakuogope." Nilidhani namfundisha akili za mjini. Maskini, alimjibu askari maneno yangu, hakupunguza hata moja.

Wakili alimuuliza mbele yangu, "Nani alikwambia ukiweke hivyo?" Akasema, "Hakuna." Hakunitazama. Na mimi mama yake nikainama, nikajifanya natafuta leso.

Tangu hapo tukila ananipakulia kipande kikubwa cha nyama, nami nakirudisha sufuriani. Hajanilaumu hata kidogo, na hilo ndilo linaloniua. Naogopa nikisema watanishika na mimi, na mdogo wake wa darasa la tatu abaki na nani?

Nisalimie shemeji, wifi mkubwa, na yule mtundu wako aliyeng'oka meno ya mbele. Mungu awalaze na kuwaamsha salama, na hodi mlangoni kwenu iwe ya wageni wa heri tu.

Wako akupendaye,
Dada yako.

Jumatatu. Bahasha sijaifunga, kesho naituma kwa basi ikufikie upesi. Asubuhi nimekwenda kwa wakili peke yangu, nikamweleza yote bila kujipunguzia. Amesema huenda ikasaidia, huenda isisaidie, na mimi pia naweza kubanwa kwa maswali. Nikamwambia andika jina langu. Alhamisi wakiita shahidi, nitasimama mimi. Jioni hiyo ukinipigia nisipokee, panda gari uje umchukue huyu mdogo.