Mama Mbele ya Televisheni Inayochelewa

Jumanne, 14 Machi 1972

Utepe wa video umekatika tena! Utepe unatoka mashine ya kwanza, inayorekodi, unakatiza chumba mpaka ya pili, inayoonyesha. Safari hiyo inakula sekunde nane. Ukikaa kwenye kiti kilicho mbele ya kamera na maikrofoni unajiona kwenye televisheni ulivyokuwa sekunde nane zilizopita, sauti yako pia. Ndivyo inavyotakiwa. Leo nimejiona mara moja tu — nikitukana.

Wendell, mwenzangu katika mashine hizi, kasema nilegeze kidogo. Nimelegeza. Utepe ukajisokota kama tambi. Nimechoka.

Alhamisi, 16 Machi

Unakwenda! Lakini Hollis, mwenye ukumbi huu wa sanaa, alikaa kitini, akatoa ulimi, akausubiri ulimi wake, akacheka. Eti watoto wataipenda. Watoto! Nimeacha kazi ya ualimu kwa ajili ya kitu hiki. Filamu lazima uisubiri isafishwe. Hii inakurudishia nafsi yako ungali umekaa hapo hapo. Mbona haoni?

Nimempigia Mama simu, Brooklyn, kumwalika kwenye ufunguzi. Hajawahi kuona kazi yangu hata moja. Kasema Jumamosi ana sosi jikoni, haji.

Jumamosi, 18 Machi

Ufunguzi. Watu wanapunga mikono. Wote! Mtu anapunga, anajisubiri apunge, anaenda zake kuchukua divai. Nilitaka kung'oa plagi.

Mara Mama huyo mlangoni, na koti lake la kanisani, na bakuli la mabonge ya nyama ya kusaga kwenye sosi. Nikamkalisha. Hakuitazama televisheni, alinitazama mimi.

"Baba yako kafa akishona viatu ili usome, Loretta. Sasa unachezea nyaya. Unanitia aibu!"

Mbele ya wageni. Sekunde nane, na televisheni ikaanza kumwambia yeye. Baba yako kafa. Unachezea nyaya. Unanitia aibu! Mama akageuka, akajiona midomo inavyokwenda. Maikrofoni ikayanasa yale yale, yakarudi tena, safari hii yakikwaruza.

Mara ya tatu aliinama mbele, akamwambia yule mwanamke wa kwenye kioo cha televisheni, polepole, "Basi, yatosha. Mtoto amesikia."

Nimekimbilia chooni. Naandikia hapa, nalia kama mjinga. Wendell anagonga: Mama hataki kuinuka, foleni imefika mlangoni, Hollis anauliza wazime?

Nimemwambia atakayegusa swichi namvunja mkono.