Eda ya Mturuki Wetu

Shangazi Zuwena,

Kanda ya video uliyoificha nimeiona. Kaa vizuri hapo ulipo, maana nna khabari.

Tangu ututoke chumba chako kilikuwa kimefungwa. Wiki hii nikakifungua, nikaikuta chini ya sanduku la udi, imevikwa foronya. Nikaipeleka Ruwi kwa fundi anayehamisha kanda za zamani. Ijumaa, baada ya chakula cha mchana, nikaiweka kwenye televisheni hapa Al Khoudh. Mama kakaa na mto mgongoni, vile vile alivyokuwa akikaa nyumba yetu ya zamani ya Al Khuwair, wewe ukitutafsiria filamu za Kituruki usichokijua.

Unakumbuka mambo yako? Mama hakustahamili kumuona Mturuki wetu, mwigizaji yule yule, na mwanamume mwengine kila kanda. Ukamtuliza: "Yule mume wa mwanzo kafa. Mwacheni akae eda." Kanda ya pili ikatiwa kabatini kwa ufunguo, miezi minne na siku kumi, nyumba nzima ikingoja. Mimi, mtoto wa skuli, nikihisabu kwenye kalenda.

Sasa nimesoma habari zake. Kaanza kama binti wa mtunza bustani, akawa mwimbaji, akaishia kuwa mama wa wanaume wazima, filamu juu ya filamu. Kwa eda zako angehitaji umri wa Nabii Nuhu. Na wewe, uliyekaa eda moja tu ya kwako ukakataa mume mpaka mwisho, yeye ulimwoza bila kuchoka.

Basi Ijumaa. Mturuki wetu anashuka kwenye treni, mvi zimemuingia kidogo. Na anayempokea nani? Masharubu. Mume wa kwanza, yule uliyemzamisha na meli, Mama akakununia mpaka Ramadhani. Mzima, kavaa na tai. Ndiyo maana ya foronya.

Mama akaweka kikombe chini. "Huyu si alikufa?" Kisha sauti ikashuka. "Na kama yu hai, wale wengine kaolewa nao vipi?"

Shangazi, miaka yako yote ya kutusimulia ilikuwa mikononi mwangu. Nikasema, "Huyo pacha wake, Mama. Alikuwa safarini."

Akanitazama, akamtazama Masharubu, akanitazama tena. "Zuwena mtupu wewe," akasema, akakichukua kikombe chake. "Haya. Eda yake imekwisha zamani. Mwoze."

Nikamwoza. Kweli yenyewe ni kuwa wanaachana pale pale stesheni, kila mmoja na njia yake. Mimi nilikwisha kuiona peke yangu siku moja kabla, na rimoti ilikuwa mkononi. Nikazima wakiwa bado wameshikana mikono. Mama akapiga kigelegele, kidogo tu, cha mtu aliyetoka kula wali mwingi.

Kanda imerudi ndani ya foronya yake, na ufunguo wa chumba chako nnao mimi. Nakuahidi, maadamu Mama yu hai, pacha atabaki pacha.

Pumzika, Shangazi. Wameoana.

Mwanao,
Rayya