Fundo la Mama

Jumanne, 11 Machi 2025

Tumemzika Babu Flaviani. Mvua, tope mpaka magotini. Watu wengi kuliko nilivyotegemea — wengine kutoka Mbaha, wengine Litumbandyosi, na wote wana habari ileile: Babu alimshikia mtu wao saa. Mgonjwa anakata roho, mwanawe yuko mbali, Babu anafunga fundo la nyasi na kifo kinasubiri. Siku moja. Siku tatu. Mama mmoja wa Mbaha alikaa wiki nzima, mpaka binti yake akafika.

Wanasema padri wa zamani alimnyima komunyo kwa ajili hiyo. Leo katekista kasali mbio mbio kama mtu anayekimbia mvua. Nilikasirika!

Mama hakuweza kufika kaburini. Mwezi Januari daktari alituambia turudi naye nyumbani. Babu, ambaye ni baba yake, akamfungia fundo na kuliweka kwenye dari la jiko. Limshike mpaka kaka Alphonce arudi. Alphonce alivuka ziwa kwenda upande wa Malawi, mwaka wa sita huu.

Alhamisi, 13 Machi

Fundo halipo!

Mjomba Dastan alikuwa analaza nyasi kwenye ngoro, mashimo yetu ya kulimia, mteremko wa chini. Mashimo ya mwisho yakapungukiwa. Akaja jikoni, akaona nyasi kavu darini, akazoa zote. Mama mdogo Luisa na wanawake wenzake wakafukia udongo juu, wakapanda maharage. Sisi Wamatengo hatuwezi kuona nyasi kavu tukaziacha zilale bure. Nilipomuuliza Mjomba alishangaa kweli. Nyasi ni nyasi, Vere.

Na mvua hii. Zitaoza. Naogopa kumwangalia Mama.

Ijumaa, 14 Machi

Alphonce kapiga! Namba ngeni, dakika moja tu, upepo mwingi. Anavuka wiki ijayo, atashukia bandari ya Liuli. Nikamwambia Mama. Akafumba macho, akauliza wiki ijayo siku gani.

Jumatano, 19 Machi

Nimemwomba mama mdogo ruhusa ya kufukua. Kakataa. Maharage yameshaanza kuota, na watoto watakula nini, fundo? Ana haki. Nimefukua hivyo hivyo, alipokwenda kisimani. Shimo la kwanza, la pili, la tano. Kucha zimejaa udongo, nimeng'oa miche sijui mingapi.

Nimelipata. Limeoza. Lilifunguka lenyewe mkononi, nyasi moja moja.

Nililia palepale shambani. Halafu nikakimbia ndani, nikijua nitakachokikuta — na Mama anapumua! Akaniuliza mbona nina matope usoni.

Alhamisi, 20 Machi

Sikulala vizuri. Kama fundo limefunguka, Mama anashikwa na nini?

Asubuhi nimekwenda kwa Bibi Notburga, mjane wa Babu. Shikamoo, marahaba. Nikamweleza yote. Alitabasamu kidogo, mara ya kwanza tangu msiba.

"Fundo lilikuwa lenu ninyi mnaotazama, mjukuu wangu. Mpate cha kushika."

Na mgonjwa je?

"Mgonjwa alikuwa anainamiwa sikioni kila asubuhi. Anaambiwa mtu wake amefika wapi. Leo amepita Songea. Leo yuko Mbinga."

Na kama Babu hajui alipo?

"Hakuwa anajua hata siku moja."

Nikamuuliza habari ya komunyo. Kumbe padri alishamruhusu zamani. Babu mwenyewe ndiye aliyekataa. Alisema atatubu vipi uongo ambao kesho asubuhi atausema tena. Miaka ishirini na mbili alikaa benchi la nyuma, wenzake wanapanda mbele, yeye amekaa. Na mimi nilikuwa namwonea aibu! Babu, nisamehe.

Jumamosi, 22 Machi

Simu ya Alphonce haipatikani tangu Jumanne. Ziwa limechafuka, wanasema.

Mama kaniuliza, "Kaka yako?" Nikamwinamia sikioni.

"Amefika Liuli, Mama."

Akaomba uji. Vijiko vinne.

Jumapili, 23 Machi

Kanisani sikupanda mbele. Mama mdogo Luisa kanitazama sana.

Mama: amefika wapi? Bado Liuli, nikasema, anatafuta gari.

Jumatatu, 24 Machi

Mbamba Bay. Gari limeharibika, wanatengeneza. Mama akasema nimpigie nimwambie dereva asikimbize, barabara ina kona. Nikatoka nje na simu, nikasimama ukutani nikizungumza na hewa, kwa sauti, ili asikie. Haipatikani. Haipatikani.

Jumanne, 25 Machi

Nimekosea. Saa tatu asubuhi Mama kauliza, na mimi nilikuwa namfua shuka, mawazo mbali, likanitoka: "Yuko Mbinga mjini." Mbinga mjini! Kutoka pale mpaka hapa ni saa moja kwa pikipiki. Ningeweza kubaki Mbamba Bay siku mbili zaidi. Babu asingekosea hivi.

Mama kamwambia mama mdogo amvalishe kile kitenge cha kanisani. Kaomba akalishwe kitako. Tumemwegemeza kwa mito, na mlango kasema uachwe wazi.

Sasa ni saa nne na robo. Nimepiga mara tisa. Mama kaacha kuniuliza. Anatazama njia, na kila pikipiki inayopanda mlima anainua kidevu.