Namba Iliyo Nyuma ya Biblia

Nthenya, isyo ya mahindi na maharagwe iko kwa sufuria, pasha tu. Mbuzi wanyweshwe kabla jua liwe kali. Biblia usiitafute, nimeenda nayo polisi, Kitui.

Asubuhi fundi Ndeti alikuja kuangalia klachi ya pikapu. Akaniuliza namba ya chesisi, ndio aagize klachi ya kuingia sawa. Nikafungua Biblia, pale nyuma baba yenu aliandika siku mlizozaliwa. Namba ya pikapu aliiandika chini yenu, kama kitinda mimba. Ndeti akakwangua rangi kwa chuma cha chesisi, akasoma namba iliyo hapo. Hiyo na ya Biblia hazifanani. Namba pleti ni ile yetu, lakini gari si yetu.

Na ni baba yenu mdogo Mwangangi aliichukua tukishamzika baba yenu, eti aipake rangi na kushona viti upya, akaturudishia hii.

~~Akija usimfungulie.~~ Hapana. Akija mpe chai, ni ndugu ya baba yako. Lakini usimwambie niko wapi.

Gari usiioshe tena. Miezi saba, kila Jumapili nikitoka kanisa, nimekaa kwa usukani huo nikiongea na baba yenu. Kumbe hajawahi kukaa hapo.

Mama